Ile nyota kubwa juu ya ziwa: kusoma anga la usiku ukiwa Kisumu

Zuhura ikirudi upande wa magharibi, Kisumu huanza ubishi. Jua limeshatua upande wa Asembo, taa za ufuoni zimewashwa, na juu ya ziwa kuna kitu kimoja kinachong'aa kuliko vyote angani isipokuwa mwezi. Kwenye steji ya bodaboda mmoja atasema ni ndege ya jioni kutoka Nairobi inayosubiri kutua. Mwingine atasema ni satelaiti. Hakosi wa tatu aliyeona video kwenye simu, naye ana habari za kutisha zaidi. Lakini kitu chenyewe hakitui wala hakiondoki. Kinateremka polepole, na baada ya saa mbili au tatu kinazama kwenye maji, si mbali na pale lilipozama jua. Kesho yake kipo tena.

Hiyo ni sayari, na kuijua hakuhitaji darubini wala digrii. Kinachowashinda wengi ni vitabu. Miongozo mingi ya nyota imeandikwa na watu wa kaskazini ya mbali kwa ajili ya wenzao wa huko, na ukurasa wa kwanza unakuagiza utafute Nyota ya Kaskazini. Kisumu iko kusini ya ikweta kwa takribani sehemu moja ya kumi ya nyuzi. Kwetu Nyota ya Kaskazini imelala kwenye ukingo wa dunia, nyuma ya vilima, vumbi na ukungu, na hutaiona. Mtu anajaribu mara mbili, anakosa, anafunga kitabu. Ilhali anga la ikweta ndilo jepesi kusomeka kuliko yote, kwa sababu huku kila kitu hupanda wima na kushuka wima.

Anza na pande nne

Ukiwa katikati ya Kisumu, kaskazini ni Kakamega, kusini ng'ambo ya ghuba ni Oyugis, mashariki ni Muhoroni, magharibi ni Asembo. Wa Nakuru ana Menengai upande wa kaskazini na ziwa upande wa kusini. Mwenye hizo pande kichwani hahitaji dira.

Dunia hujizungusha kutoka magharibi kwenda mashariki, ndiyo maana nyota huonekana zikienda kinyume chake. Kwa mtu aliye kwenye ikweta, ncha mbili za mzunguko huo ziko chini kabisa kwenye upeo wa macho, moja kaskazini na nyingine kusini. Kwa hiyo nyota iliyochomoza mahali fulani mashariki hupanda moja kwa moja, hukaa juu kwa saa kumi na mbili, kisha hutua mahali panapolingana na hapo upande wa magharibi. Mtu wa London huziona zake zikipanda kwa mshazari, na nyingine zikizunguka tu kaskazini mwaka mzima bila kutua. Halafu kuna faida ambayo nadhani hatuiringii vya kutosha: karibu hakuna nyota iliyofichwa kwetu daima. Mkazi wa Cape Town hataiona Nyota ya Kaskazini asipohama, na mkazi wa London hatauona Msalaba wa Kusini. Sisi tunapewa nusu zote mbili za anga, tunakosa tu vile vichache vilivyobanana na ncha.

Ukitaka ushahidi wa haya, itafute Mintaka. Hiyo ni moja ya zile nyota tatu zilizojipanga mstari mmoja, ambazo karibu kila mtoto wa kijijini amewahi kuzinyooshea kidole hata kama hakuambiwa jina lake. Ni mkanda wa Orion, mwindaji wa hadithi za Wagiriki. Wanafalaki wakipima anga, Mintaka iko dakika 18 za nyuzi (dakika hapa ni sehemu moja ya sitini ya nyuzi) kusini ya ikweta ya anga, yaani mstari unaopita angani juu ya ikweta yetu. Mji wa Nakuru uko dakika 18 za nyuzi kusini ya ikweta ya dunia. Maana yake ni kwamba kila siku ya Mungu, usiku au mchana, Mintaka hupita juu ya Nakuru utosini hasa. Kisumu inaikosa kwa umbali mdogo kuliko upana wa mwezi. Katikati ya Februari hufika hapo mnamo saa mbili na nusu usiku, na njia nzuri ya kuitazama ni kulala chali uani, maana shingo haitavumilia.

Anzia kwenye hizo tatu. Fuata mstari wao kuelekea kusini-mashariki utakutana na Sirius, nyota angavu kuliko zote za usiku, iliyo umbali wa miaka 8.6 ya nuru, yaani mwanga wake husafiri miaka 8.6 kabla ya kutufikia. Ufuate kuelekea kaskazini-magharibi utaipata Aldebaran yenye rangi ya chungwa, kisha kile kikundi kidogo cha nyota zilizosongamana, Kilimia. Kusini ya Sirius iko Suheli, ya pili kwa mng'ao, ambayo ramani za nje huiita Canopus na ambayo manahodha wa pwani waliitumia kuujua upande wa kusini. Umbali kati ya hizo mbili ni karibu ngumi tatu na nusu. Hicho ni kipimo chenye maana: nyosha mkono wote, kunja ngumi, na upana wake angani ni takribani nyuzi 10, awe mtu mzima au mtoto, kwa kuwa mwenye ngumi ndogo huwa na mkono mfupi.

Pembeni mwa mkanda, Betelgeuse iko kaskazini na ni nyekundu, Rigel iko kusini na ni nyeupe inayoelekea buluu. Tofauti ya rangi ni tofauti ya joto. Uso wa Betelgeuse una nyuzi 3,300 hivi za Selsiasi, wa Rigel unakaribia 12,000. Nyekundu ndiyo baridi zaidi.

Njia ya sayari

Nyota hazibadilishi mpangilio wao kwa muda wa maisha ya mtu. Sayari hubadilika, na hilo ndilo linalowachanganya watu: mwaka jana kulikuwa na kitu kikubwa hapa, mwaka huu hakipo. Hata hivyo sayari hazitangitangi ovyo. Zote huzunguka jua zikiwa karibu kwenye bapa moja, Dunia ikiwemo, kwa hiyo sisi tulio ndani ya bapa hilo tunaziona zikipita kwenye ukanda mmoja mwembamba wa anga. Jua hupita humo mchana. Mwezi hupita humo. Kwetu njia hiyo hutoka mashariki, hupita juu kabisa, ikateremka magharibi, na hata inapoinama zaidi haisogei mbali na utosi kuliko nyuzi 23 na nusu.

Mwezi ndio mwalimu wa bure wa njia hii. Wanaosimama kutazama magharibi wakisubiri mwezi kuandama tayari wanajua mwanzo wake. Uone mwezi mchanga leo, kisha uutazame kesho na keshokutwa saa ileile. Kila siku umesogea mashariki takribani nyuzi 13, ngumi moja na kitu. Unganisha vituo vyake kwa macho na umeshaichora njia, kwa sababu mwezi hauiachi kwa zaidi ya nyuzi 5 hivi. Utagundua pia kwamba mwezi mchanga wa huku hulala chali kama mtumbwi, pembe zikielekea juu. Jua lililozama liko karibu chini yake moja kwa moja, nalo humulika tumbo. Vitabu vya shule vyenye picha ya mwezi uliosimama wima vimechorwa kwingine.

Njia hupita kwenye makundinyota yaleyale ambayo magazeti huyatumia kukutabiria mapenzi na pesa: Kondoo, Ng'ombe, Mapacha, Kaa, Simba, Mashuke, Mizani, Nge, Mshale, Mbuzi, Ndoo na Samaki. Jua hupitia pia la kumi na tatu, Ophiuchus, kati ya Nge na Mshale, lakini watabiri hulinyamazia.

Sasa kanuni yenyewe. Kitu angavu kilicho kwenye njia hiyo ni sayari, isipokuwa kama ni mojawapo ya nyota nne: Aldebaran katika Ng'ombe, Regulus katika Simba, Spica katika Mashuke na Antares katika Nge. Castor na Pollux za Mapacha ziko jirani lakini pembeni kidogo, na kwa kuwa ni mbili zilizosimama pamoja hazidanganyi mtu kwa muda mrefu. Zikariri hizo nne na umeshapata karibu kila unachohitaji. Vilevile kitu angavu kilicho mbali na njia, mfano Sirius au Suheli, hakiwezi kuwa sayari hata ubishiwe vipi.

Wengi walifundishwa kanuni nyingine: nyota humetameta, sayari hutulia. Ni kweli, na sababu yake ni nzuri. Nyota iko mbali kiasi kwamba mwanga wake hutufikia ukiwa kama umetoka kwenye nukta moja, na mifuko ya hewa yenye joto tofauti inaupinda huku na huku, mara uongezeke mara upungue. Sayari iko karibu, ina upana kidogo, yaani ni nukta nyingi kwa pamoja. Moja ikififia nyingine inaongezeka, na jicho linaona utulivu. Shida ni kwamba kanuni hii huvunjika karibu na upeo wa macho, ambako mwanga hupenya hewa nyingi zaidi. Juu ya ziwa ndiko kubaya kabisa, maji yakiwa bado na joto la mchana na hewa ikianza kupoa. Zuhura inayokaribia kuzama hapo itacheza, itageuka nyekundu, itaonekana inawaka moto. Sirius inayochomoza upande wa Muhoroni hurusha nyekundu, kijani na buluu kwa zamu, hasa siku ambazo kuna moshi wa mashamba ya miwa. Chochote kilicho chini ya ngumi mbili kutoka upeoni usikihukumu kwa kumeta. Subiri kipande juu zaidi.

Tano zinazoonekana kwa macho

Zuhura nimeshaitaja na inastahili nafasi zaidi, kwa sababu ndiyo inayoleta ubishi mwingi. Iko karibu na jua kuliko sisi, kwa hiyo haionekani kamwe ikiwa mbali na jua kwa zaidi ya nyuzi 47. Hutaiona usiku wa manane. Ni jioni magharibi au alfajiri mashariki, na ile nyota ya jioni na nyota ya alfajiri ni kitu kimoja. Huonekana jioni kwa zaidi kidogo ya miezi minane, hupotea kama wiki moja inapopita kati yetu na jua, hutokea alfajiri kwa miezi minane mingine, halafu hupotea karibu wiki saba nyuma ya jua. Mzunguko mzima huchukua siku 584. Mizunguko mitano ya namna hiyo inakaribiana sana na miaka minane kamili, kwa hiyo mtoto aliyeiona juu ya ziwa akiwa gredi ya kwanza ataiona palepale, kwenye tarehe zilezile au karibu yake, akiwa gredi ya tisa. Agosti 2026 inasimama mbali kabisa na jua upande wa jioni. Kufikia mwisho wa Oktoba imeshapita mbele ya jua, na walioizoea magharibi watalazimika kuamka mapema.

Zebaki ndiyo sayari ambayo watu wa nchi za baridi huilalamikia. Haiendi mbali na jua kuliko nyuzi 28, na kwao njia ya sayari huegemea upeoni kiasi kwamba mara nyingi huzama ndani ya mwangaza wa machweo kabla haijaonekana. Kwetu njia imesimama, na giza huingia haraka. Kwa siku chache, mara kadhaa kwa mwaka, Zebaki hukaa ngumi moja na nusu hivi juu ya ziwa nusu saa baada ya jua kuzama, bila mlima wala jengo mbele yake. Sijui kwa nini hili haliandikwi mara nyingi zaidi. Mtu wa Kisumu mwenye ufuo unaotazama magharibi ana nafasi ambayo wapenda nyota wa Ulaya wangeilipia nauli.

Mshtarii ni ya pili kwa mng'ao baada ya Zuhura, nyeupe iliyochanganyika na rangi ya krimu, na tofauti na Zuhura inaweza kuwa utosini usiku wa manane. Hulizunguka jua kwa karibu miaka 12, kwa hiyo hukaa takribani mwaka mmoja katika kila kundinyota la njia. Januari 2026 ni Mapacha, Februari 2027 ni Simba. Ukijua iko wapi mwaka huu, unajua itakuwa wapi mwakani.

Zohali ni ya polepole zaidi, miaka 29 na nusu kwa mzunguko mmoja. Ni ya manjano hafifu na haina makeke. Wengi huipita wakidhani ni nyota ya kawaida. Mwaka 2026 na 2027 iko eneo la Samaki, sehemu isiyo na nyota angavu, kwa hiyo upweke wake unaitambulisha. Pete zake hazionekani kwa macho wala kwa darubini ya macho mawili ya watalii. Unahitaji darubini inayokuza mara 25 au zaidi. Machi 2025 pete hizo zilitugeuzia ukingo wake mwembamba zikatoweka, na tangu hapo zinafunguka tena mwaka hadi mwaka.

Mirihi ndiyo kigeugeu. Kila baada ya miezi 26 hivi Dunia huipita karibu, nayo hung'aa kwa miezi michache, kisha hurudi mbali na kufifia hadi ikafanana na nyota ya kawaida yenye wekundu. Ndipo watu huichanganya na Antares au Aldebaran, zenye rangi hiyohiyo. Dawa ni kukumbuka zile nne: Antares haihami kwenye kifua cha Nge, na Aldebaran haihami karibu na Kilimia. Kitu chekundu kilichobadilisha jirani baada ya wiki mbili ni Mirihi.

Kuna mtihani mzuri unaokuja. Februari 2027 Mirihi na Mshtarii zote mbili zitakuwa upande wa Simba, karibu na Regulus, na zitachomoza mashariki jua linapotua magharibi. Vitu vitatu vitapanda pamoja kutoka upande wa Muhoroni. Kile kinachong'aa zaidi, cheupe na kitulivu, ni Mshtarii. Chekundu ni Mirihi. Kidogo kuliko vyote, cheupe chenye ubuluu na kinachometa, ni Regulus, ambayo peke yake ndiyo nyota, na iko mbali nasi karibu miaka 79 ya nuru wakati zile mbili mwanga wake hutufikia kwa dakika tu.

Urani huonekana kwa taabu sana mahali penye giza tupu, na Neptuni haionekani kabisa bila chombo. Ziache.

Kwa nini nyota za Februari si za Agosti

Kila siku nyota huchomoza dakika 4 mapema kuliko jana. Ni kidogo, lakini kwa mwezi mzima ni saa mbili, na kwa mwaka mzima ni saa ishirini na nne, mzunguko unarudi ulipoanzia. Sababu ni kwamba Dunia inalizunguka jua, na kila usiku tunatazama upande ambao umesogea karibu nyuzi moja. Ndiyo maana ile Mintaka inayofika utosini saa mbili na nusu usiku katikati ya Februari ilikuwa ikifika hapo saa nne na nusu katikati ya Januari.

Katikati ya Mei, saa mbili usiku, Orion inaonekana kwa shida chini magharibi huku Nge akianza kuchungulia mashariki. Hawa wawili karibu hawakai pamoja angani. Wagiriki walieleza kwamba nge ndiye aliyemuua mwindaji. Hesabu inaeleza kwamba wako pande mbili zinazokabiliana. Kufikia mwanzo wa Agosti Nge yuko juu kusini saa mbili na nusu, mkia wake umejikunja kabisa, na Antares nyekundu iko kifuani. Kati ya makundinyota yote 88 yanayotambuliwa rasmi duniani, hili ni miongoni mwa machache yanayofanana kweli na jina lake.

Lakini kipindi ninachokipenda ni mwisho wa Mei na mwanzo wa Juni, anga likikubali. Mnamo saa mbili na nusu usiku geukia Oyugis: Msalaba wa Kusini umesimama wima, ngumi tatu kutoka upeoni. Kisha geuka mgongo uangalie Kakamega: zile nyota saba za Dubu Mkubwa ambazo Wazungu huziona kama sufuria yenye mpini ziko kwenye kimo kinacholingana na hicho, sufuria ikiwa imepinduliwa. Watu wa London wana moja. Watu wa Cape Town wana nyingine. Wa Maseno, ambako ikweta inapita, anazo zote mbili kwa kugeuka tu.

Uangalifu kidogo kwenye Msalaba. Kuna wa uongo, mkubwa zaidi na hafifu, unaotangulia upande wa magharibi na kuwahadaa watu kuanzia Aprili. Msalaba wa kweli ni mdogo, una nyota ya tano ndogo pembeni, na upande wake wa mashariki unafuatwa na nyota mbili angavu sana. Ya mbali zaidi na Msalaba kati ya hizo mbili ni Alfa Kentauri, jirani yetu wa karibu kati ya nyota zote zinazoonekana kwa macho, miaka 4.4 hivi ya nuru. Mti mrefu wa Msalaba ukiurefusha kuelekea chini mara nne na nusu unafika kwenye ncha ya kusini ya anga, ambayo huku ni upeo wenyewe. Aliyepotea usiku huko Nyakach ana kusini yake hapo.

Kilimia kina methali yake: kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Wasiotazama anga huidhani ni fumbo tu, lakini kuzama huko kuna tarehe. Mwanzo wa Mei Kilimia hupotea magharibi ndani ya mwangaza wa machweo, kwa sababu jua limelisogelea eneo lake. Kiko nyuma ya jua takribani wiki tano, kisha huzuka mashariki alfajiri ya Juni. Mkulima wa pwani alikuwa anasoma kalenda ya masika. Kwetu ziwa hujitungia mvua zake, kwa hiyo nisingepanda mahindi kwa kutegemea methali hii peke yake. Mwanga wa Kilimia unaoufikia macho leo uliondoka huko takribani miaka 440 iliyopita, kabla Wareno hawajaanza kujenga Fort Jesus mwaka 1593.

Visivyo nyota wala sayari

Ndege inayokuja kutua Kisumu kutoka upande wa ziwa huwasha taa kali, na ikiwa inakuelekea huonekana imesimama tuli dakika nzima. Subiri: itageuka, na utaona taa nyekundu na kijani. Satelaiti haina taa yoyote. Inaakisi jua ambalo kwetu limezama lakini kule juu bado linaonekana. Ndiyo maana huonekana zaidi saa moja au mbili baada ya machweo na kabla ya mapambazuko, zikienda kwa mwendo wa sare bila kupepesa, na wakati mwingine moja hufifia katikati ya anga kwa kuwa imeingia kivuli cha Dunia. Kituo cha Anga cha Kimataifa, kilichoko kilomita 400 hivi juu, huvuka kwa dakika chache kikiwa angavu kuliko nyota yoyote. Msururu wa nukta zinazofuatana kwa mstari ni satelaiti za Starlink zilizorushwa siku chache zilizopita, na ndizo zinazojaza simu kila zikipita. Taifa-1 yetu, iliyorushwa 15 Aprili 2023, usiitafute kwa macho, ni ndogo mno.

Kisha kuna taa za wavuvi wa omena. Usiku usio na mwezi, ndipo samaki huzifuata vizuri, huzagaa juu ya ziwa kiasi kwamba mgeni aliyesimama vilima vya Riat hudhani kuna mji ng'ambo, au makundinyota yaliyolala upeoni. Nyota ya kweli katika upande huo itazama ndani ya dakika chache. Taa ya omena haizami.

Ukitaka kuanza

Adui mkubwa wa mjini ni zile taa kali za mtaani, mulika mwizi. Zikiwa mbele yako utaona sayari na nyota zile kubwa tu, jambo ambalo kwa anayejifunza si baya sana, maana anga lenye nyota elfu mbili humchanganya mtu. Stima ikipotea mtaani, toka nje kabla haijarudi. Macho huhitaji dakika 20 hadi 30 kuzoea giza, na kutazama simu mara moja kunaharibu yote, kwa hiyo punguza mwanga wa kioo chake au weka rangi nyekundu. Programu kama Stellarium ni nzuri ya kuhakikisha, lakini uitumie baada ya kukisia mwenyewe. Anayeelekeza simu kila mara huishia kuijua simu. Usiitumie ukiwa umeegemea gari au umesimama kwenye paa la mabati, kwa sababu dira ya ndani itavurugwa na chuma na nyota zote zitahama.

Januari na Februari ndiyo miezi yenye anga safi zaidi. Miezi ya mvua, mawingu hukusanyika juu ya Kano na Nandi kuanzia alasiri, na usiku radi huhamia ziwani. Mara nyingi anga la mashariki huwa limesafishika alfajiri, kwa hiyo anayeamka mapema hupata zaidi. Kama unataka giza la ufuoni, kaa mahali penye uzio. Viboko wa Dunga hutoka majini kula usiku, nao hawana habari na Mshtarii.

Na ukipata kuazima darubini ya macho mawili, ile ya kutazamia wanyama kule Hifadhi ya Ziwa Nakuru, ielekeze kwanza kwa Mshtarii. Egemeza viwiko ukutani, kwani mkono ukitetemeka huoni kitu. Kando ya sayari utaona nukta mbili, tatu au nne zilizopangwa mstari mmoja: Io, Europa, Ganimede na Kalisto, miezi ambayo Galileo alianza kuiona kwa darubini yake Januari 1610. Zichore kwenye karatasi na uandike saa. Io hulizunguka jitu lile kwa saa 42 na nusu tu, kwa hiyo mchoro wa saa mbili usiku na wa saa sita usiku unaweza kutofautiana, na wa kesho hakika hautafanana na wa leo.